Muulize Mjomba: Mzee hataki kamera ila maiki anaitaka

Wapwa zangu wa Lindi na Mtwara, mwezi huu maswali karibu yote yamevutia upande mmoja, hii staili ya kuonyesha dokumentari huku watu wapo palepale mbele ya skrini wanasimulia au wanapiga ngoma au wanaigiza. Sijui nani kawapa hii kitu ila nimefurahi, afadhali mara mia kuliko yale ya "mjomba simu gani ina kamera kali". Shikamoo zenu nimeziitikia zote, humu nimezikata ili nafasi itoshe.

Mjomba, sisi ni vijana wa Nachingwea, tunarekodi wazee wanaoikumbuka reli ya karanga ya Mwingereza. Mzee mmoja ndo tunayemtegemea, baba yake alikuwa kibarua wa reli, ila amegoma kabisa kukaa mbele ya kamera, anasema ile kitu inamfunga mdomo. Lakini mkalishe barazani na watu, anaongea mpaka saa sita usiku. Mwenzetu akasema basi tutengeneze picha tu halafu siku ya kuonyesha mzee aongee mwenyewe laivu. Wengine wanasema hiyo sio filamu tena ni mkutano wa kijiji. Hii kitu ipo kweli au tunajitungia? (Vijana wa Nachingwea)

Ipo wapwa, tena ni ya zamani kuliko sinema yenye sauti. Sinema zilipoanza hazikuwa na sauti kabisa, kwahiyo kila ukumbi ulikuwa na namna yake ya kuziba ule ukimya, mpiga kinanda, bendi, au mtu wa kusimulia. Japani ndo walifika mbali, walikuwa na watu wanaitwa benshi, kazi yao kukaa pembeni ya skrini na kusimulia filamu nzima, sauti ya mwanamke yeye, ya mzee yeye, ya mtoto anayelia yeye, na benshi mwenye jina alijaza ukumbi kuliko waigizaji waliokuwa kwenye picha, watu wanauliza leo anasimulia nani, sio leo kuna filamu gani. Kaka yake Akira Kurosawa, yule dairekta mkubwa wa Japani, alikuwa benshi. Miaka ya 1930 filamu zenye sauti zikaenea, kazi ikafa.

Na msije mkaniambia hiyo ya Japani huko, nyie mmekulia banda umiza! Mnamjua Lufufu, mnamjua DJ Afro wa Kenya na VJ Jingo wa Uganda, mtu anachukua filamu ya watu wengine anaimimina upya kwa maneno yake na nusu ya utamu ni yeye. Ile ni sinema na ni jukwaa kwa pamoja, ila hamna aliyeipa heshima yake manake inafanyika chini ya bati na joto.

Ila kuna upande wa pili wa hii historia na nyie mnaorekodi mambo ya Mwingereza mnatakiwa muujue. Kati ya 1935 na 1937 palikuwa na mradi wa filamu Vugiri, kule Usambara, wakatengeneza filamu 35 za kufundisha Waafrika kilimo, afya, kulipa kodi, kuweka akiba posta, wakazizungusha kwa lori nchi na nchi. Picha zenyewe kimya, maneno kwenye santuri. Watu walikaa uwanjani usiku wanatazama kama mtakavyokaa nyie, tofauti ni kwamba maneno aliyashika mwenye lori. Nyie mnataka maneno ayashike mzee, na hapo kwangu ndo kazi yote ilipo, mengine ni waya na umeme.

Siku hizi anayetajwa sana kwa mtindo huu ni Mmarekani Sam Green. Anasimama jukwaani na maiki, anasimulia mwenyewe, picha zinabadilika nyuma yake na wanamuziki wako hapohapo. Mwaka 2012 alifanya moja na bendi ya Yo La Tengo, 2018 nyingine na Kronos Quartet, wale wanne wa vyombo vya nyuzi, na hiyo ya pili ilikuwa inawahusu Kronos wenyewe, kwahiyo unamuona mtu kijana kwenye skrini halafu yuleyule amekaa mbele yako ana mvi anapiga. Hebu fikirieni mzee wenu akae chini ya picha ya tuta la reli ambalo baba yake alilichimba.

Lakini ningekuwa nyie ningetazama ng'ambo ya Ruvuma kabla ya kutazama Marekani. Mueda, tarehe 16 Juni 1960, watu walikusanyika mbele ya ofisi ya Mreno wakidai haki zao, na waliokwenda kuongea na Mreno kina Faustino Vanomba na Kibiriti Diwane walikuwa wametokea huku kwetu Tanganyika, mwisho wa siku watu wakapigwa risasi. Baada ya uhuru wananchi wa Mueda wakawa wanaigiza siku ile kila mwaka, palepale ilipotokea. Wareno wanaigizwa na Wamakonde wenyewe, kwa vituko, watazamaji wanacheka na wengine kati yao walikuwepo siku yenyewe. Mwaka 1979 dairekta Ruy Guerra akapeleka kamera akapiga lile igizo pamoja na watu wanaolitazama, akachanganya na ushuhuda wa waliookoka, na ndo inahesabika filamu ndefu ya kwanza ya Msumbiji huru. Sasa niambieni, ile ni dokumentari au igizo? Mimi nasema ni dokumentari ya watu wanaokumbuka, na kukumbuka kwao ndo kuigiza. Na nyie Nachingwea mlikaa na Frelimo hapohapo kwenu enzi za vita vyao, kwahiyo hii sio habari ya mbali.

Haya, tuje kwa mzee. Msimpe karatasi ya kusoma wala msimkaririshe. Mpangieni picha chache zisizo na maneno, njia ilikopita reli, bandari ya Mtwara ambayo ilijengwa kwa ajili ya zile karanga, mashamba yalivyo leo, mikono yake mwenyewe kama atakubali mikono tu. Yeye akae upande, sio katikati, kwenye kiti alichozoea, na wekeni tivii ndogo au laptopu chini mbele yake ili aione picha bila kugeuka, manake akigeukia skrini watu wanaongea na mgongo wake. Kijana mmoja akae naye awe wa kuuliza na kuitikia, mzee hawezi kusimulia hewani, anahitaji mtu wa kumwambia "ehee". Huyo kijana ndo dairekta wenu siku hiyo. Yule wa laptopu anafuata mzee, sio mzee anafuata laptopu, akiamua kukaa kwa mama lishe wa kambi ya reli dakika kumi basi picha inakaa hapo dakika kumi.

Na mambo ya tarehe msimwachie mzee peke yake, yawekeni kwenye skrini kwa maandishi makubwa: mpango wa Mwingereza wa kulima karanga ulianza 1947 kwa Kongwa, Urambo na Nachingwea, ukaachwa 1951, reli ikafungwa mwanzoni mwa miaka ya 1960. Hivo yeye anabaki huru na mambo yake, chakula, nyimbo za kazi, nani aligombana na nani. Kama mna mzee mwingine aliyekubali kamera, mtieni kwenye skrini akiwa na sauti, halafu mwachieni mzee wenu amjibu. Wa kwenye skrini akisema vibarua walilipwa vizuri na wenu akaguna, uwanja mzima utaamka.

Mjomba mimi ndo nakaa kwenye laptopu. Tulifanya shoo na kikundi cha ngoma hapa Newala, vidio ni msimu wa korosho toka kupuliza salfa mpaka mnada, tuliiediti safi kabisa na ngoma tukazipangia pa kuingilia. Siku yenyewe ngoma ikanoga, kina mama wakaingia uwanjani, vidio ikaisha skrini nyeusi ngoma ndo kwanza inapanda, na pale tulipoweka kimya ndo walikuwa wamechanganya. Nikawaambia shoo ijayo wavae iyafoni wasikilize mdundo wa kompyuta, wakanicheka. Nifanye nini? (Fundi Mitambo, Newala)

Wamekucheka kwa haki mpwa wangu. Huko kwenye madisko na makanisa makubwa wanafanya hivo, mpiga dramu anavaa iyafoni kompyuta inamhesabia, na shoo inatoka ileile kila siku mpaka mwisho wa dunia. Sindimba haiendi hivo, sindimba inaangalia nani kaingia uwanjani na ana nguvu kiasi gani, ukiifunga kwenye dakika 22 umeua kitu ulichokwenda kukitafuta.

Kosa sio la ngoma, ni kwamba mmeleta filamu iliyokwisha kupikwa. Ikateni vipande. Kuna vipande vya kujirudia, hivi ndo vingi, unachagua picha isiyo na mwanzo wala mwisho, vumbi la salfa linavyotoka kwenye mashine na kutanda mkorosho, mikono inabangua, moshi, magunia yanapita mgongoni kwa watu, unaiwekea ijirudie yenyewe mpaka ubonyeze. Hapo ngoma ikae inavyotaka, dakika tatu au ishirini. Kuna vipande vyenye sauti yake, mfano bei zinavyosomwa kwenye mnada, hivyo ngoma lazima zikae kimya, kwahiyo viwe vichache na vifupi sana na wapigaji wavijue kwa sura. Halafu weka na picha za kusimama, za dharura, ukipotea unarusha moja unapumua.

Programu isikuumize kichwa. PowerPoint inatosha, kila slaidi kipande kimoja, unaiambia kijirudie mpaka usimamishwe, unaenda mbele kwa kitufe kimoja. VLC ni nzuri kwa kutazama lakini kati ya faili na faili inaweza kukuonyeshea uwanja wa laptopu yako na ile picha ya harusi ya dada yako. Wenye uwezo wana Resolume na QLab, ni programu za kazi hizi hasa, ila nimeona shoo mbaya za Resolume na nzuri za PowerPoint.

Sasa kikubwa. Wewe mtu wa laptopu hama pale nyuma ulipokaa, nenda kaa unapoiona mikono ya mpiga ngoma mkuu. Kama kiongozi wenu anapuliza filimbi basi filimbi ndo ishara yako, akipuliza ya kubadilisha mkao na wewe unabonyeza, wala hakuna haja ya kumwambia abadilishe chochote, ishara anazo toka babu zake. Nenda kwenye mazoezi yao bila laptopu kabisa, kaa, piga makofi, jua wapi wanapandisha na wapi wanashusha, ukishaanza kuhisi inabadilika kabla haijabadilika hapo uko tayari. Mimi namhesabu mtu wa laptopu ni mpiga ngoma mmojawapo, na avae sare.

Mawili ya haraka. Spika ya Bluetooth usiiguse kwenye hizi shoo, sauti inafika imechelewa, si sana lakini mpiga ngoma anaisikia na inamtoa kwenye mstari, tumia waya. Na ule moto wa kukaza ngoma msiuwashe mbele ya skrini, mwanga wake unakula picha na moshi unapita kwenye projekta, uwekeni nyuma ya skrini au pembeni mbali, upande ambao upepo unaondoka nao.

Mjomba nataka kufanya ya mjusi wa Tendaguru. Niko Lindi mjini, nina picha chache za zamani za Wajerumani nilizozipata mtandaoni, vidio sina, hela ya kwenda Berlin kumpiga picha mjusi mwenyewe sina. Naona kama sina filamu. (Msomaji wa Lindi)

Una filamu kuliko wote humu. Kitu chenyewe kwanza, kwa asiyejua: Tendaguru iko huko ndani kutoka Lindi mjini, kati ya 1909 na 1913 Wajerumani walichimbisha pale mifupa ya dainosaria wakasafirisha kama tani 250 kwenda Berlin. Mmoja wa wale mijusi alisimamishwa kwenye makumbusho yao mwaka 1937 na yupo mpaka leo, urefu kutoka chini hadi kichwani mita 13.27. Mifupa ilitoka kule hadi bandari ya Lindi kwa vichwa na mabega ya watu. Na aliyesimamia vibarua pale kwenye mashimo alikuwa mtu wa kwetu, Boheti bin Amrani, jina lake lipo kwenye maandishi ya wale wanasayansi wenyewe.

Sasa wewe unalalamika huna vidio ya mifupa. Mifupa haipo hapa! Hiyo ndo hadithi yenyewe, ukienda ukaleta vidio nzuri ya Berlin watu watasema ooh mkubwa kweli, watakwenda kulala. Anza na skrini nyeupe tupu. Toa kamba ya mita 13 na kidogo, mpe mtu wa mstari wa mbele ashike ncha, mwingine avute kupita katikati ya watazamaji mpaka inapoishia, halafu mwambie kila mmoja aitazame kamba kisha atazame juu. Hamna picha itakayoshinda hiyo.

Halafu mizigo. Tani 250, tuseme kila mtu kabeba kilo 25, hiyo ni mizigo elfu kumi, nimegawanya tu hapa mimi lakini inakupa sura, na kuna mawe yalikuwa makubwa yanabebwa na watu kadhaa. Chukua vijana waanze kupita mbele ya skrini na mizigo kichwani toka mwanzo wa shoo, polepole, mmoja mmoja, vivuli vyao vikatize kwenye picha za zamani, na wasiache kupita hata msimulizi akiwa kwenye jambo lingine kabisa. Baada ya nusu saa watazamaji wenyewe wataanza kuuliza hawa wanaisha lini. Picha zako chache ziweke muda mrefu mno, dakika nne kwa picha moja, msimulizi aingie ndani yake, huyu aliyeshika sururu ni nani, huyu aliyesimama na kofia, huyu wa pembeni ambaye kichwa kimekatwa na ukingo wa picha.

Swali la kama arudishwe au asirudishwe limefika mpaka bungeni na kila mtu ana lake, usilijibu wewe. Mwisho pitisha maiki kwa watu, na hakikisha waliotoka vijiji vya karibu na Tendaguru wanaanza kabla ya wakubwa wa mjini, manake maiki ikishaanzia meza kuu hairudi. Ukiweza peleka shoo hukohuko vijijini kwanza.

Kuhusu hizo picha, andika barua pepe kwa makumbusho yenyewe, Museum für Naturkunde, omba ruhusa kwa maandishi ya kuzionyesha, taja shoo ni ya wapi na kama kuna kiingilio. Usikwapue tu zenye nembo ya watu katikati.

Mjomba tunataka kuonyesha ufukweni Msangamkuu, filamu ya wavuvi wa dema, wavuvi wenyewe wataimba nyimbo za kuvuta chombo. Projekta ni ya shule, lumeni 3000. Skrini tunataka mita 6 ili watu wote waone. Itafaa? (Mvuvi)

Haifai. Lumeni 3000 gizani inakutosha mita 3 za upana hivi, ukipanua mara mbili mwanga unatawanyika kwenye eneo mara nne, mtaona ukungu. Kaa mita 3 na watu wasogee, ni ufuko sio uwanja wa Nangwanda. Kwetu jua linazama kati ya saa 12 na saa 12:50 jioni kutegemea mwezi, kwahiyo usianze kabla ya saa moja na nusu, huo muda wa kusubiri wape waimbaji. Upepo ndo adui yenu, kusi likivuma shuka litavimba kama tanga na nguzo zitakwenda nalo, toboeni matundu ya kupitisha upepo pembeni au mtumie ukuta wa nyumba iliyopakwa chokaa, wala sio aibu. Masika msithubutu, hata mvua isipokuja kumbikumbi watakuja, wanafuata mwanga wa projekta wanaingia mpaka ndani ya lenzi. Jenereta iwe mbali, nyuma ya nyumba, na ekstensheni ndefu, la sivyo mmeimba bure.

Kaka, mimi sio mpwa wako, nadhani rika letu moja. Niko Tandahimba. Wamekuja vijana wazuri tu na kamera wanataka tufanye nao dokumentari ya unyago, wanasema sehemu ya ndani watairekodi kidogo na siku ya kuonyesha sisi makungwi tutaimba laivu. Nyimbo nazijua, kuimba napenda, lakini moyo unakataa. Na mapiko, ile ngoma ya kinyago, pia wanataka kuonyesha mtu anavyovalishwa. (Kungwi)

Dada yangu, habari za siku. Moyo wako uko sawa, usiulazimishe. Ya ndani hayarekodiwi, hata kidogo, manake kidogo ikiwa kwenye memori kadi haina mwenyewe tena, kesho iko kwenye simu za watu Dar. Tena mwali ni mtoto, sura yake haina biashara kwenye skrini yoyote. Na mapiko, mtu akishaonyeshwa anavalishwa basi hakuna lipiko hapo, kuna fulani wa nyumba ya tatu kavaa kinyago, na wenye ngoma yao wana haki ya kukasirika.

Lakini usiwafukuze hao vijana. Huu mtindo wa kuchanganya picha na watu laivu ndo unafaa kwenye jambo la namna yako kuliko dokumentari ya kawaida. Kamera ibaki nje: maandalizi, kupika, wanaume wanavyofukuzwa, njia inayokwenda kule, mlango, siku ya kutoka na kanga mpya na shangwe, ambayo ni ya watu wote. Picha ikifika mlangoni skrini inazimwa. Kabisa, giza. Halafu unasimama wewe unaimba au unaongea, kiasi unachotaka wewe, usiku huo na watu hao, ukiona kuna mtu hafai kusikia unaruka ubeti. Kamera isingekupa hiyo nafasi ya kuruka. Mnaweza pia kufanya usiku mmoja wa wanawake watupu na mwingine wa wote, na shoo zikawa tofauti, hamna sheria inayosema lazima zifanane.

Na tukiongea sheria, waambie vijana hao kwamba Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inagusa vyote viwili, filamu na jukwaa, kwahiyo wasidhani wakisema "hii sio filamu ni igizo" wamepona. Kibali cha kupiga filamu ni Bodi ya Filamu, waanzie kwa afisa utamaduni wa wilaya atawaelekeza na huko ndo wanaotambua vikundi vya ngoma. Serikali ya kijiji ijue, polisi wajue kama mkusanyiko ni mkubwa, droni ina kibali chake cha anga huyo asirushe tu. Na wewe na wenzio mkubaliane nao kwa maandishi nani anamiliki nini, mnalipwa kiasi gani kwa kila shoo, sio mara moja ya kurekodi, kwa kila shoo, manake kila shoo mnafanya kazi upya. Wakisema bajeti hairuhusu waulize projekta wameikodi kwa ngapi.

Mjomba kwanini tujitese na majenereta, si tuweke YouTube watu waone nchi nzima? (Dogo, Masasi)

Wekeni dakika mbili tatu za kutangaza. Shoo nzima ukiiweka watu wataona watu wadogo wamesimama kwenye giza mbele ya kitambaa na sauti ya upepo, watasema ni mbovu na watakuwa sahihi, manake haikutengenezwa kwa ajili ya simu. Ile ya Sam Green na Kronos niliyoitaja juu ilizungushwa ukumbi kwa ukumbi, mpaka wafike wao ndo uione, na watu walinunua tiketi kwa sababu hiyohiyo. Nyie pangeni Masasi mjini, Nanyumbu, Tunduru mkifika, Oktoba mpaka Desemba malipo ya korosho yakishatoka, kiingilio kidogo watoto bure. Kamera moja iwe nyuma kwenye stendi inarekodi kila shoo toka mwanzo mpaka mwisho, hiyo sio ya kurusha, ni ya kwenu kujisahihisha na ya kumpelekea mfadhili akiuliza mnafanya nini hasa. Na yule wa maiki mpeni maji, kila mara anasahaulika.